Muziki Uliokuwa Chini ya Sauti ya Mjomba

Ilianza Jumamosi, saa tisa na robo alasiri. Najua saa kwa sababu nilikuwa nimetoka kuitazama kwenye simu, nikipiga hesabu kama nitawahi kuteka maji kabla ya adhana. Mjomba alikuwa katikati ya maneno. Alisema, "Sasa huyu mama furaha imemjaa, mwanawe anakwenda Ulaya kusomea uda..." na sauti ikakatika. Haikufifia kwanza. Ilikatika kama kamba.

Mjomba ana banda la video hapa Kanga, kijiji cha kisiwani. Kuta za mabati, paa la makuti, madirisha yamezibwa kwa magunia ili mwanga usiingie. Kazi yake ni kutafsiri. Filamu inakuwa ya watu wa mbali, yeye anakaa pembeni ya skrini na maiki, anatuambia kwa Kiswahili wanachosema, halafu anaongeza na wasichosema. Kihispania hakijui hata neno moja. Kichina pia hakijui, na Wachina amewatafsiri tangu mimi sijaanza shule. Kijiji kizima kinalijua hilo na hakuna anayelalamika. "Watu hawaji kusikiliza Kihispania," husema, "wanakuja kunisikiliza mimi." Na ni kweli. Nimewaona watu wazima wakicheka mpaka wanateleza kwenye mabenchi kwa jambo ambalo kwenye filamu halimo.

Mimi nakaa nyuma na miksa. Akisema, napunguza sauti ya filamu. Akinyamaza avute pumzi, naipandisha. Mama yangu yuko Baleni na mihogo yake, mimi nakaa kwa mjomba kwa ajili ya shule, niko kidato cha tatu. Kazi ya miksa naipenda kwa sababu ambayo sijamwambia mtu: kule nyuma ni giza na hakuna anayenitazama. Darasani nikiulizwa swali, jibu ninalo, lakini badala ya kupanda mdomoni linashuka tumboni, na mwalimu anaendelea kwa mwingine.

Basi siku ile sauti ya mjomba ilipokatika, mkono wangu ukafanya ulichozoea. Ukapandisha.

Ikaingia selo. Wakati ule sikujua kama inaitwa hivyo, nilidhani ni fidla iliyozeeka. Kwenye skrini mama yule alikuwa anapiga pasi shati la mwanawe, pasi ya mkaa kama ya mkaza mjomba, mke wa mjomba, na kijana amesimama mlangoni na kifurushi chake. Muziki ule haukuwa wa mtu anayefurahi. Ulikuwa unapanda hatua, unarudi, unapanda tena, kama mtu anayetaka kusema neno na kulimeza. Na wanawake wa mwani, wakulima wake hapa pwani na wateja wetu wakubwa, ambao kwenye banda lile hawajapata kunyamaza hata mtu akichinjwa, wakanyamaza.

Halafu mmoja akauliza, "Vipi leo, mashine imekufa ulimi?"

Mjomba akasimama, akaonyesha koo. Akafungua mdomo, ikatoka hewa tupu. Nikazima.

*

Filamu zile za kijivu, kama hiyo ya mama wa pasi, mjomba alizipata mjini Kilindoni, kwa mwenye duka la vifaa vya umeme. Ni familia ya asili ya Kihindi, ya miaka mingi pale, na babu yake alikuwa akionyesha watu sinema kwenye shuka. Mjomba alikwenda kununua spika, mwenye duka akampa na filamu hizo kama nyongeza, kwa kuwa hakuna aliyezitaka. Zote za Kihispania, zote za zamani, hazina rangi. Vijana walizikimbia siku ya kwanza. Wana simu zao. Lakini wanawake wa mwani walizipenda. Wao kazi yao ni bamvua, maji yakikauka mbali wanakwenda kufunga na kuvuna. Yakiwa mafu, bahari haitoki vya kutosha, wanakaa, na wakikaa wanakuja kwetu. "Hawa wanalia kama sisi," alisema mmoja, akimaanisha wanalia huku wanafanya kazi.

Kwa hiyo siku za maji mafu ndizo zinazolisha nyumba yetu. Mjomba zamani alikuwa anazamia majongoo ya bahari, mpaka sikio la kushoto likapasuka. Hospitali Kilindoni walimwambia asizame tena. Safari hii wakamwangalia koo, wakamwambia asiseme kabisa, hata kunong'ona, mpaka watakapomwona tena bamvua lijalo.

Mkaza mjomba alilisema wazi jikoni, na mjomba mwenyewe amekaa pale juu ya kibao cha mbuzi anasikiliza. "Banda likilala maji mafu haya yote, hawa wanawake watahamia kule kwenye televisheni kubwa ya jirani, na hawatarudi. Na huyu namjua. Atachukua miwani yake ya kuzamia atanyata alfajiri. Kwa sikio lile, hataletwa mzima."

Mjomba akatikisa kichwa kukataa. Lakini miwani ilikuwa imeshatolewa darini. Niliiona juu ya mtungi, imefutwa vumbi.

Halafu mkaza mjomba akanigeukia. "Na wewe umekaa nyuma ya mashine ile mwaka wa tatu huu. Hujui kusema?"

Nikachukua ndoo nikaenda kuteka maji.

*

Jumapili mpaka Jumanne banda lilifungwa. Nikirudi kutoka shule nilikuwa naingia peke yangu, nafunga mlango, naangalia filamu za kijivu bila mjomba. Nilijiambia najifunza ili niweze kutafsiri. Ukweli ni kwamba nilikuwa natafuta selo.

Nikagundua kitu. Mwanzoni mwa kila filamu yanapita majina, na mjomba huwa anayasemea juu: huyu ndiye mwenye pesa, huyu ndiye aliyepika chakula chao. Jina moja lilikuwa linarudi. Refu, lenye kialama juu ya herufi moja, kama unywele umeangukia karatasi. Lilikuwamo kwenye ile ya mama wa pasi. Lilikuwamo kwenye ya wapanda farasi wanaoimba, na ya nyumba yenye mizimu, na ya wapiga mieleka waliovaa vinyago. Sehemu kubwa ya filamu za yule mwenye duka zilikuwa na mtu mmoja ndani yake, na hakuna mahali alipoonekana.

Nikanunua bando nikamtafuta. Yaliyoandikwa juu yake ni machache, na simu ilinipa Kiswahili cha mashine, lakini niliunganisha: ndiye aliyetunga muziki wa filamu hizo.

Alizaliwa kwenye mji wa bandari. Baba yake alikuwa kiongozi wa bendi ya matarumbeta, ile inayopiga kwenye sikukuu na mazishi, kwa hiyo alianza kusikia furaha na msiba kutoka kwa watu walewale na matarumbeta yaleyale. Enzi hizo sinema zilikuwa bubu. Akiwa mtoto bado alikalishwa chini ya skrini na kinanda, anapiga kufuata anachokiona. Farasi wakikimbia anakimbiza, mtu akifa anapunguza. Hapo nilicheka peke yangu. Alikuwa anakaa palepale anapokaa mjomba.

Kisha vita vikaja kwao, akavuka bahari hadi nchi nyingine wanakosema lugha ileile. Hakumjua mtu. Kazi yake ya kwanza ilikuwa kunakili muziki wa wengine, ukurasa kwa ukurasa, kama sisi tunavyonakili notisi za aliyekuwapo darasani. Siku moja mtunzi aliyeajiriwa akaugua, filamu imekwisha kupigwa na imebaki bila muziki. Wakamuuliza yule mnakili kama ataweza. Inaelekea hakusema mengi. Aliimaliza.

Baada ya hapo hawakumwacha. Niliposoma namna walivyokuwa wakifanya kazi nilimwonea huruma, halafu nikamstahi kuliko nilivyowahi kumstahi mtu nisiyemjua. Kwenye filamu, mtu wa muziki ndiye huitwa mwisho. Kila mtu amekwisha kula muda: waigizaji, washona nguo, wenye taa. Kinachobaki ndicho chake. Anaitazama filamu na saa mkononi, anakwenda nyumbani, anaandikia kwenye meza ya kulia chakula, na anaporudi wapigaji ni wachache na studio imekodiwa siku hiyo tu. Filamu inapita ukutani, yeye anawaongoza wapigaji huku macho yakiwa kwenye picha, na wimbo unatakiwa uishe pale mlango unapofungwa. Si kabla, si baada. Ukikosea, mnarudia, na muda unakwisha.

Na hakuwa na kiburi cha kukataa kazi. Aliwaandikia waliao na wachekeshao. Kuna wimbo mmoja nilioukuta kwenye filamu ya kuchekesha, mnene anaanguka kwenye karai la sabuni, na wimbo uleule nikaukuta kwenye mazishi, umepunguzwa mwendo. Nilikasirika kwanza, nikaona ametudanganya. Nikausikiliza tena na tena, nikaona hapana, ameona kitu. Anguko ni anguko. Za wapiga mieleka sitamsifia, zile alichoka, unasikia kabisa amechoka. Nampenda hata hivyo.

Wenzake waliosomea muziki wa majumba makubwa walimdharau, wakimwona mpiga muziki wa sinema tu. Mwishoni zikaja filamu za magitaa ya umeme, simu yake ikaacha kulia, akafundisha watoto kinanda mpaka alipokufa. Kule alikohamia watu wazima wanaimba nyimbo zake jikoni na hawajui nani alizitunga. Hilo ndilo lililonikaa. Maisha yote alikuwa nyuma ya watu wengine wanaosema, na hakuonekana kuona vibaya. Mimi nakaa nyuma kwa woga. Yeye alikaa nyuma kwa sababu ndipo kazi ilipokuwa.

*

Jumatano nilijaribu. Mjomba alinikalisha kwenye kiti chake, akanipa maiki, yeye akaenda kwenye miksa. Tuliweka ya nyumba ya mizimu. Nilisema kama anavyosema mjomba, bila kuacha nafasi, kwa sababu nilijua nikinyamaza sitaanza tena. Jasho lilinitoka mpaka kwenye magoti. Sikujua kama magoti yanatoka jasho.

"Mwanangu," akasema bibi mmoja, mkubwa wao, ambaye hukaa benchi la mbele kwa sababu ya macho, "unatusomea hitima ya maiti?"

Wakacheka. Mwingine akadakia, "Mwacheni, anawahi basi."

"Basi la wapi, Kanga hii?"

"La kurudi kwao Baleni."

Nilimaliza, sijui nilimalizaje. Nikaenda chooni nikalia kidogo, nikanawa. Nilipotoka nikasikia bibi yule akimwambia mkaza mjomba kwamba Ijumaa baada ya swala ya alasiri watakuja mara moja tu, waimalizie ile ya mama wa pasi iliyokatwa katikati, maana hawawezi kukaa na filamu nusu. Baada ya hapo wataona. Na kule kwa jirani, akasema, kuna feni.

Mkaza mjomba alinipakulia, akaniongezea samaki.

Tatizo la ile filamu lilikuwa jingine, kubwa kuliko woga wangu. Jumanne nilikuwa nimesoma kisa chake kwenye simu. Kijana haendi Ulaya kusomea udaktari. Mdogo wake ameua mtu kwa bahati mbaya, na yeye anakwenda kujisalimisha badala yake. Anamwambia mama amepata kazi mbali. Mama anajua. Anapiga pasi shati, hasemi, kwa sababu akisema atampoteza na mdogo. Muziki ndio unaosema. Wimbo wa selo ni uleule aliomwimbia mwanawe akiwa mchanga mwanzoni mwa filamu, pale ambapo mjomba alikuwa akitupigia hadithi ya bei ya mahindi.

Sasa nikiwaambia ukweli, nimemtoa mjomba mwongo mbele ya wateja wake, naye hawezi hata kujitetea. Wote wanajua hajui Kihispania, lakini kujua ni kitu kimoja na kuonyeshwa na mpwa wako hadharani ni kingine. Nikiendelea na udaktari, muziki ule utanisuta mimi.

Alhamisi jioni nilikwenda kwa mjomba uani. Yeye huniita mjomba kama ninavyomwita, ndivyo tulivyo. Nikamwambia, bila kumtazama, "Mjomba, kesho sehemu ya pasi nataka nisiseme."

Akainua nyusi.

"Nisiseme kabisa. Na wewe usishushe. Upandishe."

Akaonyesha watu, kwa mkono, benchi zima la watu wa hewani, kisha akaonyesha mlango wakitoka. Akaonyesha koo lake, kama kusema: wanakuja kwa hiki.

"Mara moja tu," nikasema.

Alitazama upande wa mtungi, ilipo miwani. Sikuelewa kama amekubali.

*

Ijumaa walikuja wengi kuliko Jumatano, nadhani kwa ajili ya kunicheka. Niliwaamkia wakubwa, "Shikamooni," sauti ikatoka nusu. "Marahaba, msoma hitima," wakajibu.

Tulianza mwanzo. Nilisema kidogo. Nilimwiga yule fundi wa muziki, namna wimbo wake unavyoingia mtu anapofungua mlango na kutoka kabla hajakaa. Neno moja hapa, mawili pale. Mama akimwimbia mtoto sikusema. Nilipoona nimenyamaza na sijafa, nikazidi kunyamaza. Na likatokea jambo ambalo sikulitegemea, wao wenyewe wakaanza kusema.

"Huyo mdogo mtu simpendi macho yake."

"Ana nini? Mtoto mzuri tu."

"Mzuri kama mume wako."

Ikafika pasi. Nikaweka maiki mapajani. Nyuma yangu giza, sikuweza kumwona mjomba. Sekunde ile nilidhani ataishusha kwa mazoea.

Selo ikapanda. Ikajaa banda mpaka mabati yakatetema kidogo.

"Sasa anasemaje?" akauliza mmoja. "We mtoto, anasemaje?"

"Nyamaza," akasema bibi wa benchi la mbele. "Husikii?"

Mama anapiga pasi kola. Anarudia kola ileile. Kijana anasema kitu mlangoni, mama anatikisa kichwa kama anayekubali. Wimbo wa kumbembelezea ukarudi, taratibu, na pale mlango ulipofungwa ukakatika, ukabaki mlio wa pasi peke yake juu ya nguo ambayo haina mwenyewe.

"Huyu haendi kusoma," akasema bibi.

"Haendi," akasema mwingine. "Na mama anajua. Angekuwa anakwenda Ulaya angemfungia na vitumbua."

"Mjomba wako alituambia udaktari," wa tatu akanigeukia.

Kabla sijatafuta la kusema, bibi akaniwahi. "Alituambia alichosema kijana. Kijana ndiye mwongo. Wewe hujapata kudanganywa na mwanao?"

Wakacheka, na katika kucheka kule nikasikia wengine wanavuta kamasi. Nikachukua maiki. Nikasema, "Kijana amemwambia mama anakwenda mbali kusoma. Mama ameitikia." Sauti yangu ilitoka yote. Mpaka mwisho wa filamu sikusema maneno yanayojaza kiganja.

Walipotoka, bibi alishika mlango akamwita mjomba kule gizani. "Wewe bubu. Kesho mnaweka ipi?"

Mjomba akanionyesha mimi kwa kidole.

Nilipokwenda kuzima miksa, nikaona kidude cha sauti ya filamu kimesukumwa juu mpaka mwisho, mahali ambapo mwaka wa tatu huu sijawahi kukifikisha. Mjomba alikuwa bado ameweka kidole pale. Sikio lake zima, la kulia, lilikuwa limeelekea skrini, na macho yake sikuyatazama, kwa adabu. Wakati wa kula nikaona miwani haipo juu ya mtungi. Nikashtuka. Mkaza mjomba akanikonyeza, akatazama juu, darini.

Asubuhi yake, Jumamosi, niliamka mapema nikachukua chaki. Mlangoni pa banda kuna ubao ambapo mjomba huandika filamu ya leo, na chini yake kwa herufi kubwa: Mtafsiri, na jina lake. Sikuligusa jina lake. Chini yake nikaandika Muziki, na lile jina refu, herufi kwa herufi, na kialama juu ya ile moja. Nafasi ilinibana mwishoni, herufi mbili zikapinda zikashuka ukingoni.

Bibi wa benchi la mbele alikuwa anapita na jembe begani. Akasimama, akasogeza uso karibu na ubao.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba. Huyu nani tena?"

"Ni fundi wa muziki," nikasema. "Yule wa jana, wa pasi."

"Wa wapi huyo?"

"Mbali. Alishakufa."

Akabadilisha bega la jembe. "Na leo atapiga?"

"Atapiga, bibi."

"Basi niwekee benchi langu," akasema, akaenda zake shamba.